Tony Garnett na Tamthilia za Walalahoi wa Uingereza

Kabla ya mwaka 1963, mtu aliyeitwa mtayarishaji katika idara ya tamthilia ya BBC ndiye aliyekuwa mwongozaji pia. Alichagua mchezo, akapanga waigizaji, akasimamia kamera studioni. Kwa kuwa mzigo wote ulikuwa wake, michezo mingi ilitafutwa palipo karibu: kwenye majukwaa ya London na kwenye riwaya zilizokwisha kupata jina. Kisha akaja Sydney Newman, Mkanada aliyevuma kwa mfululizo wa Armchair Theatre katika kituo cha ABC, akakabidhiwa idara nzima. Newman aliigawa kazi ile sehemu tatu. Mwongozaji aongoze. Mhariri wa hadithi atafute waandishi na akae nao mpaka mswada uive. Mtayarishaji abebe dhamana: fedha, ratiba, uteuzi wa mwandishi na mwongozaji, na lawama zitakapoteremka kutoka ghorofa za juu.

Mgawanyo huo unasomeka kama waraka wa ofisi, lakini mimi nauhesabu kuwa chanzo cha miaka kumi na mitano bora kabisa ya tamthilia ya televisheni nchini Uingereza. Uliwapa watu fulani nafasi ambayo haikuwapo: kuwa na fedha za shirika la umma mkononi, saa nzima hewani jioni, na uhuru wa kuamua nani aandike na kuhusu nini. Aliyeitumia nafasi hiyo kuliko wote ni Tony Garnett. Watu wengi wanaozipenda kazi zake hawalijui jina lake, kwa sababu sifa zimekwenda kwa Ken Loach, mwongozaji wake wa miaka mingi. Loach anastahili sifa zake zote. Lakini mtu akifuatilia ni nani aliyemtafuta mwandishi, nani aliyezipata fedha, na nani aliyewakabili wakubwa waliotaka sehemu fulani ikatwe, anamkuta Garnett.

Alizaliwa Birmingham tarehe 3 Aprili 1936, mtoto wa familia ya wafanyakazi. Alipokuwa na miaka mitano mama yake alifariki kwa sababu ya kutolewa mimba kwa siri, enzi ambayo sheria haikumpa mwanamke maskini njia nyingine. Siku kumi na tisa baadaye baba yake akajiua. Mtoto akalelewa na ndugu. Kwa sehemu kubwa ya maisha yake Garnett hakuyatangaza mambo hayo. Aliyaeleza kwa kirefu katika kitabu chake cha kumbukumbu, The Day the Music Died, kilichotoka mwaka 2016 akiwa na miaka themanini. Akina mama wanaopoteza watoto, watoto wanaobaki bila mtu na ofisi za serikali zisizosikia wamejaa katika tamthilia alizozisimamia. Mtazamaji wa wakati ule hakuwa na njia ya kujua kwamba aliyezisimamia alikuwa mwenye msiba.

Alisoma saikolojia katika University College London, lakini muda wake mwingi uliishia kwenye uigizaji. Mwaka 1960 alionekana katika An Age of Kings, mfululizo wa BBC wa tamthilia za Shakespeare za wafalme, na baadaye katika Z Cars, tamthilia ya polisi iliyokuwa mpya kwa ukavu wake. Mwaka 1964 aliigiza katika kipindi kilichoongozwa na kijana mgeni kazini, Ken Loach. Wakati huo huo Roger Smith, mhariri wa hadithi, alikuwa akikusanya watu kwa ajili ya kipindi kipya cha Newman, The Wednesday Play, kilichoanza Oktoba 1964. Akamwita Garnett amsaidie kutafuta waandishi. Garnett akaacha kuigiza.

Inafaa kusimama kidogo hapa tutazame jinsi tamthilia ilivyorekodiwa siku hizo, maana hapo ndipo vita yake ya kwanza ilipopiganwa. Tamthilia ilichezwa studioni, ndani ya kuta za mbao zilizopakwa rangi, mbele ya kamera nzito za elektroniki zilizofungwa nyaya. Mwongozaji alikaa juu katika chumba cha kusimamia akibadilisha picha kutoka kamera moja kwenda nyingine papo hapo. Mkanda wa video ulikuwa ghali na kuukata ilikuwa taabu. Kamera ya filamu ilitolewa nje kwa dakika chache tu, ili mtazamaji amwone mhusika akishuka kwenye basi kabla ya kuingia nyumbani, na nyumba yenyewe ilikuwa ya mbao. Idara ya habari ilikuwa na kamera nyepesi za milimita 16 ambazo mtu aliweza kuzibeba begani akaingia nazo sokoni. Garnett na Loach wakauliza kwa nini watu wa habari wawe nazo na watu wa tamthilia wasiwe nazo.

Nafasi ilipatikana mwaka 1965. Nell Dunn alikuwa ameandika kitabu cha vipande vifupi kuhusu wasichana wa kiwandani kusini mwa London, Up the Junction. Mtayarishaji wa kipindi, James MacTaggart, alikwenda likizo, na Garnett akaisukuma kazi hiyo mbele wakati bosi hayupo. Sehemu kubwa ilipigwa mitaani kwa kamera ya milimita 16, na hata zile za studioni zilihaririwa kwa kutumia nakala ya filamu iliyotengenezwa kuwa akiba, ili Loach aweze kukata atakavyo. Ilirushwa tarehe 3 Novemba 1965. Ndani yake msichana anakwenda kutolewa mimba kwa siri, na vilio vyake vinasikika huku daktari akieleza wanawake wanavyokufa kwa jambo hilo. Simu za malalamiko zilimiminika BBC. Bunge la Uingereza lilipitisha sheria ya kuruhusu utoaji mimba kwa masharti mwaka 1967. Sisemi kwamba tamthilia ndiyo iliyoipitisha. Wanawake walikuwa wameipigania kwa miaka. Ila mamilioni ya watu walikuwa wamekwisha kusikia kile kilio sebuleni mwao.

Mwaka uliofuata Garnett alikuwa mtayarishaji kamili, na mswada uliokuwa mezani kwake ulikuwa wa Jeremy Sandford, mwandishi wa habari aliyezunguka makambi ya watu wasio na nyumba. Ndio uliozaa Cathy Come Home. Garnett alijua kwamba akiwaeleza wakubwa habari yenyewe wangeanza kuuliza maswali. Kanuni ya BBC ilimtaka mtayarishaji mwenye shaka apeleke jambo juu. Yeye hakulipeleka, na katika maelezo aliyoyaandika aliieleza kazi ile kuwa kichekesho cha kifamilia. Cathy na Reg wanaoana, wanapanga nyumba nzuri, Reg anapata ajali kazini, mshahara unakatika. Wanateremka ngazi moja baada ya nyingine: chumba kibovu, kambi ya magari ya kulala, hosteli ya halmashauri inayomkataa mume, mpaka jioni ile kwenye kituo cha treni maofisa wanapowachukua watoto kutoka mikononi mwa mama. Carol White, aliyemcheza Cathy, aliigiza sehemu hiyo katikati ya umati wa abiria wa kawaida, kamera ikiwa imewekwa mbali.

Watu wapatao milioni 12 waliitazama usiku wa tarehe 16 Novemba 1966. Nchi ilikuwa na idhaa tatu tu, kwa hiyo kesho yake kiwandani na kwenye basi waliokuwa hawajaiona walikuwa wachache. Imezoeleka kusimuliwa kwamba shirika la Shelter lilizaliwa kwa sababu ya tamthilia hii. Shelter ilizinduliwa tarehe 1 Desemba mwaka huo huo, na waanzilishi wake walikuwa wameshapanga uzinduzi huo kabla. Tamthilia iliwapa masikio ya nchi nzima kwa wakati mwafaka. Baadhi ya halmashauri ziliacha kuwatenganisha waume na familia zao hostelini. Nyumba zenyewe hazikuongezeka kwa sababu ya saa moja na robo ya televisheni, na Garnett mwenyewe hakujidanganya kwa hilo. Kuanzia hapo alizidi kutafuta waandishi watakaohoji mfumo unaozalisha umaskini, mbali ya kuonyesha machozi yake.

Alimpata Jim Allen, mtu wa Manchester aliyekuwa amefanya kazi migodini na kwenye ujenzi. The Lump ya mwaka 1967 ilihusu vibarua wa ujenzi wasio na mkataba. The Big Flame ya mwaka 1969 ilihusu makuli wa bandari ya Liverpool wanaotwaa uendeshaji wa gati zao. Kati ya hizo akasimamia In Two Minds, ya David Mercer, kuhusu msichana anayesukumwa na familia yake na hospitali mpaka akili inavunjika. Hiyo nayo ilimgusa nyumbani: Topsy Jane, mwigizaji aliyekuwa mke wake, alikuwa ameugua ugonjwa wa akili akiwa bado kijana, akapoteza nafasi katika filamu ya Billy Liar iliyokwenda kwa Julie Christie. Waliokereka hawakukosekana. Mapema mwaka 1969 gazeti la BBC lenyewe, Radio Times, lilichapisha makala ya kuonya dhidi ya tamthilia zinazovaa sura ya habari za kweli, na Garnett na wenzake wakajibu kwa barua. Hoja yao ilikuwa na uzito: mbona hakuna anayelalamika sura ya ukweli inapotumika kuyasifu majeshi au ufalme?

Barry Hines alikuwa mwalimu katika mji wa migodi wa Barnsley. Garnett alimwomba aandike tamthilia ya Jumatano. Hines akakataa kwa adabu, akisema ana riwaya kichwani inayomsumbua, ya mvulana na ndege. Mtayarishaji mwingine angeliweka jina hilo kando. Garnett aliisubiri riwaya, akaisoma kabla haijatoka, akaitaka iwe filamu, ile iliyokuja kuitwa Kes. Kuipatia fedha ikawa kazi ngumu. Wafadhili wa kwanza walijitoa, na ni Tony Richardson, mwongozaji wa Tom Jones, aliyewashawishi United Artists watoe kiasi cha pauni 157,000 hivi. Kiangazi cha mwaka 1968 wakapiga kambi Barnsley. Mvulana wa riwaya, Billy Casper, alichezwa na David Bradley, mvulana wa hapo hapo. Mwalimu wa michezo alichezwa na Brian Glover, mwalimu wa kweli aliyekuwa pia mpiganaji mieleka. Ndege, yaani kozi, walikuwa watatu, wakipewa majina Freeman, Hardy na Willis, kama duka la viatu lililojulikana nchi nzima, na aliyewafunza ni Richard, ndugu yake Barry Hines. Mpiga picha Chris Menges alitumia mwanga wa dirishani na kuwaacha watoto wasahau kwamba kuna kamera.

Wasambazaji walisema hakuna atakayekielewa Kiingereza cha Yorkshire. Filamu ilikaa kwanza, kisha ikafunguliwa kaskazini, kwa watu wa lafudhi hiyo hiyo, nao wakajaza majumba. Mwaka 1999 taasisi ya filamu ya Uingereza, BFI, ilipokusanya kura za filamu bora mia moja za nchi hiyo, Kes ilishika nafasi ya saba. Kwangu mimi, hakuna filamu ya shule inayoifikia. Kuna sehemu ambapo mwalimu mmoja anamwomba Billy aeleze darasa jinsi anavyomfuga kozi wake, na mvulana ambaye siku nzima amechapwa na kudharauliwa anasimama ubaoni akifundisha, akiandika maneno ya kazi yake, darasa zima limenyamaza. Mswada wa aina hiyo hauvutii benki yoyote. Uliwezekana kwa sababu mtu mmoja aliusubiri.

Wakati huo Garnett na wenzake walikuwa wameanzisha kampuni yao, Kestrel, na hapa habari yake inagusa Nairobi. Save the Children, shirika lililoanzishwa mwaka 1919, lilitaka filamu ya kuadhimisha miaka hamsini, likawapa kazi hiyo Garnett na Loach. Walipiga picha katika kituo cha watoto maskini Uingereza, kisha wakaenda Kenya, kwenye shule ya Starehe iliyoanzishwa mwaka 1959 na Geoffrey Griffin, Geoffrey Geturo na Joseph Gikubu kwa ajili ya wavulana wa mitaani na wasio na uwezo. Waliyoyaona waliyaweka kwenye filamu kwa jicho kali: mfadhili anayemsema vibaya mzazi wa mtoto anayemsaidia, shule ya Kiafrika miaka michache baada ya uhuru, yenye nidhamu na taratibu za bweni la Kiingereza. Waliuliza hisani inamlea mtoto awe nani. Shirika lilipoitazama lilishtuka, likaenda kwa mawakili. Mwisho wake nakala ikafungiwa katika hazina ya filamu ya taifa, isionyeshwe.

Nina maoni yangu juu ya jambo hilo. Filamu haikuitendea Starehe haki yote: watoto wengi waliopita pale walipata elimu ambayo hakuna mwingine aliyekuwa tayari kuwapa, na wengine wakaja kushika nyadhifa kubwa Kenya. Lakini swali lake lilikuwa halali, tena lilikuwa swali la Wakenya wenyewe mwaka 1971, na walionyimwa kulijibu ni wao.

Garnett akarudi BBC. Mike Leigh alikuwa na filamu moja tu na hakuna aliyempa ya pili. Garnett alimwacha atengeneze Hard Labour, iliyorushwa mwaka 1973, bila mswada, kwa njia ya Leigh ya kuijenga hadithi na waigizaji wakati wa mazoezi. Mtayarishaji aliyeidhinisha fedha za kazi isiyo na karatasi alikuwa akiweka shingo yake rehani. Mwaka 1975 zikaja sehemu nne za Days of Hope, za Jim Allen na Loach, kuanzia vita ya 1916 hadi kushindwa kwa mgomo mkuu wa 1926. Magazeti yakagombana nazo kwa wiki kadhaa. Miezi ya kwanza ya 1978 ilileta kazi mbili ambazo nazihesabu kuwa kilele chake. The Spongers, ya Allen na mwongozaji Roland Joffé, inamfuata mama wa watoto wanne katika sherehe za miaka 25 ya Malkia kukaa kwenye kiti cha enzi, wakati halmashauri inabana matumizi na kumwondoa binti yake mlemavu katika makao aliyoyazoea. Jina la filamu, lenye maana ya wanyonyaji, linatokea juu ya picha ya Malkia na mumewe. Ilishinda Prix Italia. Law and Order, ya G. F. Newman, ilionyesha kesi moja kwa macho ya mpelelezi, mhalifu, wakili na mfungwa katika filamu nne, rushwa ikiwa kila mahali. Polisi walighadhibika, wakubwa wa magereza walighadhibika, na wabunge wakalalamika.

Haya yote yaliwezekanaje ndani ya shirika ambalo, kama gazeti la Observer lilivyofichua mwaka 1985, lilikuwa likipeleka majina ya wafanyakazi wake kwa idara ya usalama ya MI5 ili yachunguzwe, na faili za waliotiliwa shaka zikapigwa alama ya mti wa Krismasi? Jibu ni la kiutendaji. Tamthilia zilihitajika kwa makumi kila mwaka, fedha zilitoka kwenye ada ya leseni, na wakubwa hawakuwa na muda wa kusoma kila ukurasa. Mtayarishaji alipewa fungu na tarehe, akaaminiwa mpaka siku ya kurusha. Katika mwanya huo ndimo Garnett alimoishi.

Miaka ya themanini tunaweza kuipita haraka. Aliongoza mwenyewe Prostitute (1980), kisha akahamia Marekani akafanya Handgun, na miaka ya Hollywood ikamkuta akitayarisha hata filamu ya watoto ya Sesame Street. Alirejea Uingereza mwanzoni mwa miaka ya tisini, akakuta mambo yamegeuka: tamthilia za usiku mmoja karibu zimekwisha, mifululizo imetawala, na vipindi vinanunuliwa kutoka kampuni za nje ya BBC.

Akiwa katika World Productions, mojawapo ya kampuni hizo, alibadilisha mbinu. Kama wakubwa wanataka polisi na madaktari, atawapa polisi na madaktari. Between the Lines (1992–94) ilihusu polisi wanaowachunguza polisi wenzao. Kwa ajili ya Cardiac Arrest lilitolewa tangazo katika jarida la madaktari la British Medical Journal likimtafuta daktari anayeweza kuandika. Aliyejibu alikuwa kijana wa wodini, Jed Mercurio, aliyetumia jina la bandia ili asiharibu kazi yake hospitalini. This Life, ya Amy Jenkins, iliyoanza mwaka 1996, iliwapa mawakili vijana wa London nyumba moja na kamera inayotikisika kati yao. The Cops ya mwaka 1998 ilianza na msichana akinusa kokeni chooni mwa klabu. Dakika chache baadaye anaonekana kazini, amevaa sare ya polisi. Polisi waliokuwa wakishauri wakajitoa. Tuzo ya BAFTA ikaja.

Waandishi wake walikuwa bado ni watu wa aina ile ile aliyoitafuta mwaka 1965: wasiojulikana, wenye ujuzi wa kazi wanayoiandika. Mwaka 2009, akiwa ameshastaafu, aliandika hadharani kwamba BBC imewajaza mameneja juu ya wabunifu, kila mmoja na maelekezo yake, na mtayarishaji amegeuzwa kuwa tarishi wao. Wapo waliosema ni malalamiko ya mzee. Mimi naona alikuwa sahihi.

Filamu ile ya Save the Children iliyofungiwa ilionyeshwa hadharani kwa mara ya kwanza mwaka 2011, London, katika ukumbi wa BFI, miaka arobaini baada ya kukamilika. Garnett alifariki tarehe 12 Januari 2020, akiwa na miaka 83. Wavulana waliopigwa picha Starehe sasa ni wazee. Wenye hazina ya filamu London na wenye kumbi za Nairobi wakae wapange: filamu hiyo ionyeshwe Nairobi, mbele ya waliosoma pale, nao waijibu.